Swatch .beat ya mtumba: kagua hivi kabla hujatoa hela

Swatch .beat ni saa ya mkononi ya kampuni ya Swatch inayoonyesha muda kwa mapigo, yanayoandikwa kwa alama @. Ukikutana nayo Kariakoo, usianze na bei. Toa simu, uiweke kwenye saa za Kizungu, ulinganishe. Simu ikiwa 08:00, yaani saa mbili kamili asubuhi, kioo cha saa kinatakiwa kisome @250. Kikisoma @208 au @291, mashine ni nzima ila imerekebishwa vibaya kwa saa moja, maana kila saa moja ni mapigo 41 na theluthi mbili.

Mfumo wenyewe wa mapigo Swatch waliuzindua tarehe 23 Oktoba 1998. Siku nzima imegawanywa vipande 1,000, ndiyo mapigo, kila kimoja sekunde 86.4, na dunia yote inasoma namba moja. Siku inaanza saa sita usiku ya Biel, Uswisi, yalipo makao yao. Wanaiita saa ya wastani ya Biel, japo ni saa moja mbele ya UTC (saa ya dunia ya kulinganishia) tu, wakati jua la Biel halifiki hata nusu saa mbele ya Greenwich. Kipande hicho si kipya pia: Wafaransa mwaka 1793 waliamuru siku ya saa 10 zenye dakika 100 kila moja, na dakika yao hiyo ilikuwa sekunde 86.4 zilezile. Amri ikasimamishwa mwaka 1795.

Kwa mtu wa Dar hesabu ni nyepesi kuliko inavyotisha. Sisi tuko saa mbili mbele ya hiyo saa ya wastani ya Biel, kwa hiyo @000 inaangukia saa nane usiku na @500 saa nane mchana. Mchana, chukua saa ya Kiswahili ujumlishe 4. Usiku jumlisha 16, ikifika 24 au kuzidi toa 24. Kisha zidisha kwa 1,000, gawa kwa 24. Saa kumi na moja jioni: 11 na 4 ni 15, jibu @625. Saa tisa usiku: 9 na 16 ni 25, inabaki 1, jibu @041. Kurudi nyuma, zidisha pigo kwa 1.44 upate dakika tangu saa nane usiku. Usipotaka hesabu, shika hili tu: kila mapigo 125 ni muda wa saa tatu.

Watu wengi hukosea kwenye saa za kiangazi. Uswisi husogeza saa zao mbele kuanzia Jumapili ya mwisho ya Machi hadi ya mwisho ya Oktoba, lakini mapigo hayasogei. Programu inayokokotoa kwa saa ya ukutani ya Uswisi itakupa mapigo 42 ya uongo miezi yote hiyo. Dar haina kiangazi cha saa, kwa hiyo ipime kwa @250 ileile.

Kazi yake hasa ni miadi. Ndugu wa Muscat, wa London na wa Mbagala mkiambiana @750, hapa ni saa mbili usiku, na hakuna wa kuuliza "ya kwenu au ya kwetu?" Kwenye jiko haifai kitu: pigo moja ni karibu dakika moja na nusu, na yai halisubiri.

Sasa kifaa. Tazama tarakimu zikipita: mstari unaokosekana kwenye 8 mara nyingi ni uchafu kwenye raba inayopeleka umeme kati ya ubao na kioo, na fundi saa huisafisha kwa spiriti na pamba. Doa jeusi lisilohama ni kioo kilichopasuka ndani, achana nayo. Kioo kizima kikigeuka cheusi kwa sababu saa ilianikwa juani mezani, kipeleke kivulini, kitarudi. Tarakimu hafifu ni betri. Soma namba iliyoandikwa juu ya ile ya zamani ununue hiyohiyo, na ukikuta ukoko mweupe kwenye vyuma vya betri, ukwanguliwe kabla ya kuweka mpya. Mikanda ya plastiki ya Swatch nyingi hushika kwa meno yake yenyewe, kwa hiyo mkanda wa kawaida hauingii. Mkanda uliokakamaa na kupasuka kwenye tundu unapunguza thamani ya saa kuliko mikwaruzo.

Mwisho, ifungie kiganjani dakika chache, kisha ufungue. Ukiona ukungu chini ya kioo, raba ya kuzuia maji imekufa; jasho na hewa ya bahari ya hapa vitaimaliza. Irudishe mezani.