Mota mpya ya loki ya mlango wa nyuma: uzoefu wangu, na kosa nililofanya kabla ya kuinunua

Wakuu habari zenu. Hii ni rivyuu ya mota ya loki niliyofunga kwenye mlango wa nyuma kulia wa SUV yangu, ile ya kampuni nyingine sio orijino ya gari. Ila siwezi kuielezea mota peke yake nikaacha stori ya jinsi nilivyofika mpaka kuinunua, kwa sababu mota sina ugomvi nayo, ugomvi wangu ni kwamba niliinunua kabla sijapima vizuri, na naona kila mtu akisema loki ya mlango inasumbua anaambiwa "badili mota" kana kwamba ndani ya ule mlango hakuna kitu kingine.

Ilianza polepole sana. Nabonyeza rimoti, milango mitatu inalia tak kwa pamoja, wa nne unachelewa kidogo au unalia kinyonge. Baadae ukawa unafunga lakini haufungui, siku nyingine unafungua lakini haufungi, na mimi nikishamaliza kubonyeza nilikuwa nazunguka gari kuvuta kila mlango kwa mkono maana nilikuwa siwezi kuamini tena rimoti. Siku iliyonitisha kweli ni siku mwanangu alikuwa amekaa upande ule ule na mlango ukagoma kabisa, nje haufunguki kwa sababu loki haijaachia, ndani haufunguki kwa sababu nilikuwa nimeweka loki ya watoto, ile swichi ndogo iliyoko ubavuni mwa mlango ambayo ikiwekwa kitasa cha ndani hakifanyi kazi. Nikaingia kupitia mlango wa pili, nikavuta kile kidude cha kufungulia loki kwa mkono kilichopo ndani, kilikuwa kigumu ila kikatoka, ndio mlango ukafunguka kwa nje. Kuanzia siku hiyo nikasema hili jambo halisubiri, maana fikiria ni ajali na mtoto yuko nyuma ya huo mlango.

Gereji ya kwanza niliyopeleka hawakufungua hata skrubu moja. Wakabonyeza rimoti mara mbili tatu wakasema ni kompyuta ya bodi, ile inayotoa amri kwa loki za milango, ibadilishwe. Nilikataa na ninafurahi nilikataa, kwa sababu mlango wa nyuma wa upande wa pili ulikuwa unapokea amri ile ile na unafanya kazi bila tatizo, na fyuzi ya sentro loki kwa gari nyingi inahudumia milango yote, ingekuwa imeungua isingechagua mlango mmoja. Kitu kikiharibika mlango mmoja tu, anza na vitu vya mlango huo. Hilo nilijua. Ambacho sikujua nakuja nacho.

Nikaamua kufungua mwenyewe. Nilichomoa betri kwanza na nikasubiri kidogo, hasa kwa gari zenye eabegi za pembeni na sensa zake mlangoni, usiharakishe hapo. Kioo kiwe juu kabisa. Kava la ndani limeshikwa na skrubu chache zilizojificha, moja iko nyuma ya kitasa cha kuvutia imefunikwa na kikofia cha plastiki, nyingine kwenye sehemu ya kushikia mkono, halafu pembeni mwote ni klipu. Klipu tumia kijiti cha plastiki, ukitumia bisibisi ya chuma utachubua rangi na utavunja nusu yake. Mimi nilivunja mbili, za kubadilishia zinapatikana kirahisi. Ndani yake utakuta lile karatasi la nailoni limebandikwa kwa gundi nyeusi ya kunatanata, usilichane wala usilitupe, ndilo linalozuia maji yanayoshuka kwenye kioo yasiingie ndani ya gari. Libandue taratibu na utalirudisha kwa gundi ile ile.

Sasa hapa kwenye kupima ndio nilipokosea, naomba usome vizuri.

Mota ya loki ina waya mbili nene za umeme na nyingine nyembamba za swichi inayoambia gari kwamba mlango uko wazi au umefungwa. Zile mbili za mota hazina moja ya kudumu ya chanya. Ukifunga, umeme unapita upande huu, ukifungua unageuzwa unapita upande wa pili, na unapita kwa muda mfupi sana, haufiki hata sekunde. Nikarudisha betri, nikachomoa plagi ya mota, nikaweka mita kwenye zile waya mbili, mke wangu akawa anabonyeza swichi ya dereva. Mita ya kawaida inachelewa kusoma, kwa hiyo mara mbili sikuona kitu, ya tatu nikatumia ile sehemu ya mita inayoshika namba kubwa kabisa, ikaniandikia 11.9. Nikajiambia basi umeme unafika, volti ziko karibu 12, mota ndio imekufa. Ukiniuliza wakati ule ningekuapia.

Na kulikuwa na dalili nilikuwa nimeiona nikaipita. Mlango ukiwa wazi kabisa loki ilikuwa inafanya kazi mara nyingi, ukiufunga ndio inagoma. Mota haijui mlango uko wazi au umefungwa. Kinachojua ni waya zinazopita kwenye bawaba.

Basi nikaagiza mota mpya, inakuja ikiwa imeungana na kitasa chake kizima, yaani ile sehemu yenye ulimi unaong'ata kile chuma cha kwenye nguzo ya gari. Hakikisha unaagiza ya upande sahihi na ya mlango sahihi, kulia na kushoto haziingiliani, na hesabu pini za plagi yako ya zamani kabla hujaagiza, maana zinafanana sana kwa sura na zinatofautiana pini.

Kuifunga: kitasa kimeshikwa na skrubu tatu za Torx T30, zile zenye tundu la nyota, kwenye ukingo wa mlango. Hizi zimekazwa kwelikweli na zimekaa miaka, ukiziingia na biti iliyochoka utaharibu kichwa na hapo kazi ya nusu siku inageuka ya siku mbili. Ingiza biti mpaka mwisho, igonge na nyundo kidogo, sukuma kwa nguvu huku unazungusha. Vifimbo na kebo za kutoka kwenye vitasa vya nje na ndani vimeshikwa na vibanio vidogo vya plastiki ambavyo vinazungushwa, havivutwi. Piga picha kabla hujagusa.

Halafu usifunge mlango kujaribu. Chukua bisibisi, sukuma ule ulimi wa kitasa kama vile mlango umefungwa, ulie mara mbili, kisha bonyeza rimoti funga fungua, vuta kitasa cha nje, vuta cha ndani, uone ulimi unaachia. Ukifunga mlango na umekosea kuunganisha kebo moja, una mlango ambao haufunguki na skrubu zake ziko kwenye ukingo usioweza kuufikia. Nilifanya hivyo, mota mpya ikalia tak safi kabisa, nikarudisha kila kitu, nikafurahi.

Siku ya tatu ikagoma. Ile ile, mlango ukiwa umefungwa inalia kinyonge.

Niliumia sana, sio kwa sababu ya pesa peke yake, nilikuwa nimeshamwambia mama watoto mlango uko salama. Nikatafuta fundi umeme wa magari ambaye rafiki yangu alinielekeza kwake, na huyu ndiye ninayetaka kumsifia hapa. Nilimweleza kila nilichofanya, akasikiliza mpaka mwisho, akauliza swali moja tu: "Kaka, hiyo mita ulipima plagi ikiwa imechomolewa?" Nikasema ndio. Akasema basi ulipima volti za waya ambao haujabeba mzigo, yaani hakuna kitu kinachokula umeme wake.

Akachomoa soketi ya upande wa nguzo, akapeleka umeme wa betri moja kwa moja kwenye waya wa mota kuanzia pale, na ule mwisho wa waya ulioko ndani ya mlango akafunga balbu ya indiketa, ile ya wati 21. Balbu hiyo inakula ampea karibu 2, mita inakula kama hakuna kitu. Mlango ukiwa wazi kabisa balbu ikawaka. Akaanza kuusukuma mlango polepole kuelekea kufunga, na mimi nimesimama naangalia, mwanga unapungua, unapungua, mlango ulipokaribia kufunga ikabaki nyekundu hafifu. Pale pale akaitoa balbu akaweka mita mahali pake, ikasoma karibu 12 vilevile. Nilikuwa nimeangalia namba sahihi nikaitafsiri vibaya.

Akavuta ile raba yenye mikunjo iliyoko kati ya nguzo ya katikati na mlango, ile waya zinapita ndani yake. Waya mmoja nene ulikuwa umebaki na uzi mmoja au miwili ya shaba, nyingine zote zimekatika kwa kukunjwa kila mlango unapofunguliwa na kufungwa. Uzi uliochoka, unaogusa kwa shida mlango ukifungwa, unatosha kupeleka volti kwenye mita, hautoshi kupeleka ampea za kusukuma mota. Waya nyingine mbili za jirani zilikuwa maganda yamepasuka, hizo zilikuwa zinasubiri zamu yao.

Alivyotengeneza pia nilipenda. Hakuunga pale pale palipokatika. Alikata akarudi nyuma mpaka kwenye shaba inayong'aa, akaweka kipande kirefu cha waya laini wenye nyuzi nyingi, maungio yakawa moja ndani ya nguzo na moja ndani ya mlango, nje kabisa ya sehemu inayokunjwa, na hayakukaa yote usawa mmoja. Akalehemu, akafunika na ule mpira unaojibana kwa joto. Nilipomuuliza mbona unajisumbua akanieleza kwamba ukilehemu katikati ya mkunjo waya unakuwa mgumu kama msumari na utakatika tena pembeni ya ile risasi ya kulehemu muda mfupi tu. Na tepu peke yake ndani ya raba, akasema, ni kumkaribisha mteja arudi. Akabadilisha zote tatu siku hiyo hiyo bila kunishawishi ninunue kitu kingine chochote.

Sasa ile mota ya zamani. Niliifungua nyumbani. Ndani kuna kimota kidogo, giya ya plastiki nyeupe na mhimili wenye mzunguko wa skrubu unaoizungusha. Meno yote mazima. Grisi ilikuwa imekauka imegeuka kahawia na vumbi, nikasafisha nikaweka grisi nyeupe ya lithiamu kidogo, nikagusisha na betri: tak. Nzima kabisa, ipo kwenye droo kama akiba. Ule umeme dhaifu na grisi iliyokauka vilikuwa vinaizidi nguvu, ndio maana ilionekana imekufa. Wengi wanapuliza ile dawa nyepesi ya kulegeza kutu ndani ya kitasa, siku mbili inaenda vizuri halafu inarudi kuwa mbaya zaidi, kwa sababu inaosha grisi iliyobaki na yenyewe haikai.

Kuhusu mota mpya sasa, imekaa miezi mitano. Matundu ya skrubu yalilingana bila kulazimisha, plagi iliingia, swichi ya mlango wazi inafanya kazi, taa ya kwenye dashibodi inazima mlango ukifungwa, hili angalia maana swichi mbovu inaacha taa ya ndani inawaka na asubuhi betri iko chini. Inalia zaidi ya ile ya zamani, unaisikia wazi ukiwa ndani. Sehemu ya plastiki inayoshika kebo ya kitasa cha ndani ni laini kuliko orijino na hiyo ndiyo inanipa wasiwasi wa muda mrefu. Grisi ilikuja nayo kidogo mno, niliongeza kabla ya kufunga. Mvua zimenyesha, haijagoma hata mara moja. Naipa nyota nne kati ya tano. Kama mlango wako meno ya giya yamekwisha kweli, inunue bila hofu, ila kapime na balbu kwanza.

Kitu kingine kuhusu mota hizi, ukiwa unajaribu usibonyeze mfululizo mara kumi na tano. Gari nyingi zina kinga, loki ikichezeshwa sana inanyamaza kwa muda ili mota isiungue, na mtu anadhani ameua kitu. Acha ipoe dakika kadhaa urudi.

Yule fundi nampa tano zote. Ile gereji ya kompyuta ya bodi sirudi.

Wiki iliyopita nilivuta raba ya mlango wa nyuma wa upande wa pili, ule ambao haujawahi kusumbua. Maganda ya waya mbili yameanza kupasuka sehemu ile ile. Shaba bado nzima. Jumamosi naupeleka.