Rehani au wadhamini: deni la SACCOS linamwangukia nani?

Mkulima wa korosho wa Tandahimba, kusini mwa Tanzania, anayekopa SACCOS (chama cha akiba na mikopo) huweka rehani au huleta wadhamini. Rehani ikiwa nyumba ya ndoa, Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka mwenzi wake aridhie. Mkopaji akishindwa kulipa, nyumba huuzwa. Bei isipotosha, salio linabaki shingoni mwake.

Wadhamini huonekana njia nyepesi, lakini ndiyo inayoniuma zaidi. Kwa Sheria ya Mikataba, Sura 345, mdhamini hubeba deni sawasawa na mkopaji, isipokuwa mkataba useme vinginevyo. Akilipa, anaweza kumdai mkopaji, ila msimu wa korosho ukiwa mbaya atamdai nini? Jirani aliyetia saini kwa wema anaishia kulipia salfa, dawa ya mikorosho, iliyopulizwa shamba la mwingine. Mwenye cha kuweka rehani, aweke chake.