Bloku za Kuanzia Mbio: Kikanyagio Kilichonikumbusha Allan Wells

Haya jamani, karibuni tena. Leo hatuko chumbani kama kawaida, tuko uwanjani, na kitu chenyewe ni hiki hapa: bloku za kuanzia mbio, zile ambazo mkimbiaji wa mbio fupi anasukumia miguu anapotoka. Reli ya alumini, vikanyagio viwili, misumari ya kuzishikiza chini. Urefu na uzito mtauona kwenye boksi, sitaki kupoteza muda huko. Nimezilipia shilingi elfu tisini na tano, na wiki nzima nimekuwa nikigombana nazo.

Sogeza kamera, dogo. Karibu zaidi. Mnaona hiki kikanyagio cha nyuma? Kina pini inayoingia kwenye meno ya reli. Unaivuta, unasogeza, unaachia: ta! Ukisikia hivyo unadhani kimeshika. Sasa tazameni. Nakanyaga taratibu, kimetulia. Nasukuma kama ninavyotoka kwenye mlio wa bastola... kimeruka jino moja. Narudia. Kimeruka tena! Mguu wa nyuma ukikosa pa kusukumia, mwili unainuka badala ya kwenda mbele, na kwenye mita 100 ukisimama wima hatua ya kwanza, wenzako wameshakwenda.

Ndiyo maana wiki hii nimemuwaza sana Allan Wells. Wengi mnaonifuata mkitajiwa wakimbiaji wa Uingereza mnaanzia kwa Linford Christie. Rudini nyuma kidogo. Wells ni Mskoti, kazaliwa Edinburgh mwaka 1952, akaanza na miruko kabla ya kuhamia mbio fupi. Na bloku alikuwa hazitaki! Anapiga goti, anaweka miguu kwenye tartani tupu, yaani sakafu ya njia ya kukimbilia, hivi, anatoka. Kwa mtindo huohuo alichukua dhahabu ya mita 200 kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola kule Edmonton, Kanada, 1978, na fedha ya mita 100 nyuma ya Don Quarrie wa Jamaika.

Mazoezini alikuwa akipiga ule mpira mdogo unaoning'inia wa mabondia, mikono iwe na kasi. Mkewe Margot, naye mkimbiaji, ndiye alikuwa naye bega kwa bega kwenye mafunzo.

Ikaja Olimpiki ya Moscow, 1980, na sheria ikambana: mbio fupi ni lazima bloku. Fikirini mtu ana miaka 28, amezoea miaka yote kuanza bila chochote nyuma ya kisigino, anaambiwa abadilishe kitu cha kwanza kabisa cha mbio yake. Kwenye mchujo akakimbia 10.11, rekodi ya Uingereza. Fainali yupo njia ya 8, Silvio Leonard wa Kuba yupo njia ya 1, upana wote wa uwanja uko katikati yao. Kwenye mstari Wells akajirusha kwa kifua. Saa ikawapa wote wawili 10.25! Ikabidi iangaliwe picha, na picha ikampa Wells. Muingereza wa mwisho kushinda mita 100 alikuwa Harold Abrahams, 1924.

Kuna chaneli moja, siitaji, ilisema medali ile haina uzito kwa sababu Wamarekani waligoma kwenda Moscow. Siku chache baadaye alikutana nao Koblenz, Ujerumani Magharibi, akawapiga. Halafu sisi Watanzania tuwe wa mwisho kusema hivyo: Moscow hiyohiyo ndiko Filbert Bayi na Suleiman Nyambui walikotuletea medali mbili za fedha. Mtu akizidharau medali za 1980 mbele yangu, hatuelewani.

Mwaka 1982, kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola kule Brisbane, Wells akabeba tena mita 100, na kwenye mita 200 yeye na Mike McFarlane wakashindwa kutenganishwa. Dhahabu wakapewa wote.

Turudi kwenye bloku. Jana nimekata kipande cha tyubu ya baiskeli, kidogo kama ukucha, nikakibana hapa chini ya pini. Tazama sasa. Nasukuma... kimekaa! Kwa nguvu zaidi... kimekaa. Na hapa ndipo nilipoanza kuzipenda, maana pembe ya kikanyagio inabadilika vizuri mno. Cha mbele nakilaza, cha nyuma nakisimamisha, na paja la nyuma linasukuma lote. Zile za plastiki za elfu arobaini haziwezi hili, na zinapasuka.

Kwa bei hii mtengenezaji angepaswa kuiweka hiyo raba mwenyewe, hilo silifichi. Lakini dukani sizirudishi. Jumamosi jioni tuko laivu, leteni maswali ya kupima umbali wa miguu. Mimi naweka cha mbele nyayo mbili kutoka mstarini, cha nyuma tatu.

Dogo, shika saa. Mara tatu natoka na bloku, mara tatu bila, kama Wells, mpaka pale kwenye koni ya mita 20. Muda wote nauandika hapa chini ya video. Kwenye mstari... tayari...