Binokula ya 10x50 usiku mzima: kutoka Omega Centauri hadi Kilimia

Haya, mnanisikia? Upepo wa huku ni mkali, nimeificha maikrofoni ndani ya koti, tuvumiliane. Niko nje kidogo ya Dodoma, wiki ya Sabasaba, giza limekolea na mwezi hakuna. Mkononi nina hii hapa: binokula, darubini ya macho mawili, ya 10 kwa 50. Nimekaa nayo miezi minne, na nawaambia kwa moyo mmoja, kama unataka kuanza kuangalia mafungu ya nyota na galaksi, anza na hii. Lile boksi la darubini lenye picha ya Zohali na maandishi makubwa ya "mara 525" liache dukani.

Uzito, rangi, mkoba wake, hayo yote yameandikwa kwenye boksi, sitawamalizia bando. Jueni tu kwamba 10 ni ukuzaji na 50 ni upana wa lenzi ya mbele kwa milimita. Basi.

Kilichonileta ni hii pete. Sogeeni. Iko kwenye jicho la kulia la binokula, hapa karibu kabisa na kope. Watu wengi hawaigusi tangu wanunue, halafu wananiandikia kwamba binokula yao ina ukungu. Ndugu yangu, haina ukungu. Macho yako mawili hayafanani, na pete hii ndiyo inayoyapatanisha.

Twende pamoja. Chagua nyota moja inayong'aa, mimi nachukua moja ya Msalaba wa Kusini. Funika lenzi ya kulia kwa kifuniko chake. Usifumbe jicho! Ukifumba moja, la pili nalo linajikunja, na hapo utarekebisha uongo. Sasa gurudumu la katikati, taratibu… nyota inavimba… inanywea… inavimba tena. Rudi nyuma kidogo. Simama pale inapokuwa ncha ya sindano. Umepata? Hamisha kifuniko kiende kushoto. Gurudumu la katikati usiliguse tena, hata kidogo. Sasa zungusha pete peke yake, angalieni kidole changu, mpaka nyota ileile iwe sindano kwa jicho la kulia. Yangu inakaa vistari viwili upande wa alama ya kutoa. Ondoa kifuniko, tazama kwa macho yote mawili. Aisee! Nyota ndogondogo ambazo hazikuwepo zinajaa kati ya zile kubwa. Kila nikifanya hivi nasisimka upya.

Ila pete yenyewe imelegea, na hilo linaniudhi. Kila nikiitoa kwenye mkoba nakuta imehama. Nimeweka tone la rangi ya kucha kwenye alama yangu na kuizungushia selotepu. Kwa laki moja na themanini nilizotoa, kiwanda kingeweza kuikaza.

Na kuna ubovu ambao pete haiutibu. Binokula ya kwanza niliyoletewa na muuzaji mmoja, prisma za ndani, yaani vile vioo vinavyopindisha mwanga, zilikuwa zimehama. Kila nyota naiona mbili, baada ya dakika kumi kichwa kinagonga. Kwa hiyo kabla hujatoa hela, angalia taa ya mnara wa simu ulio mbali. Ukiona taa mbili, irudishe palepale.

Tupande juu sasa. Shikeni Msalaba wa Kusini, halafu zile nyota mbili kali zilizo pembeni yake. Iliyo karibu na msalaba ni Beta Centauri. Toka hapo elekea kaskazini mpaka Epsilon Centauri, kisha endelea tena umbali uleule. Hapo. Simu niliyobana kwenye jicho la kushoto inawaonyesha doa la kijivu tu, nisameheni, maana mimi naona donge la unga, limeshiba katikati na kuyeyuka pembeni. Hiyo ni Omega Centauri, fungu la nyota zipatazo milioni 10, umbali wa miaka ya nuru kama 17,000, na mwaka wa nuru ni umbali ambao mwanga husafiri kwa mwaka mmoja. Nyota mojamoja hazichambuki kwa 10x50, hapo chombo kimefika mwisho wake, nawaambia ukweli.

Ptolemy, mnajimu wa kale wa Misri, aliiandika kama nyota ya kawaida. Mwaka 1677 Mwingereza Edmond Halley, akiwa kisiwa cha St Helena kusini mwa Atlantiki, akaona kwamba si nyota. Charles Messier, Mfaransa wa orodha maarufu ya vitu vya angani vinavyoitwa M1, M2, M31, hakuwahi kuiweka kwenye orodha yake, kwa sababu akiwa Paris haichomozi kabisa. Sisi tumelala chini ya paa lake.

Na huyu ndiye ninayempenda zaidi: Nicolas-Louis de Lacaille, Mfaransa aliyekwenda Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1751. Alirudi na orodha ya vitu 42 vinavyofanana na mawingu. Lenzi aliyopimia nyota ilikuwa na upana wa nusu inchi hivi, ikikuza mara 8. Nusu inchi! Lenzi moja tu ya hii binokula inakusanya mwanga karibu mara 15 ya ile yake. Ndiyo maana zile "mara 525" zinanikera: lenzi ya milimita 60 ukiivusha mara 120 unakuza giza na ukungu, na kijana wa watu anakata tamaa wiki ya kwanza.

Kabla sijasahau, video za mbingu sasa zitatoka Ijumaa badala ya Jumatano, na stendi ya miguu mitatu tutaipima video ijayo. Mkono unachoka, bila stendi, lala kwenye mkeka viwiko vikae kifuani, kama nilivyo sasa. Usitoke, alfajiri ndiyo yenyewe.

…Saa kumi na moja kasoro. Baridi! Kusini, chini, kile kidonge pembeni ya Wingu Dogo la Magellan, galaksi ndogo jirani yetu, ni fungu la nyota 47 Tucanae, moja ya zile 42 za Lacaille. Geuka kaskazini: lile wingu refu jembamba ni galaksi ya Andromeda, miaka ya nuru milioni 2.5. Al-Sufi wa Uajemi aliiandika mwaka 964 kama wingu dogo. Kusini na kaskazini, vyote viwili kwa kugeuza shingo tu. Messier angetuonea wivu.

Na mashariki, wameamka. Kilimia, lile fungu la nyota! Wazee walisema kikizama kwa mvua huzuka kwa jua, na kweli, kilizama masika na sasa ni kiangazi. Kwa macho matupu nahesabu sita. Galileo alichora 36 mwaka 1610. Nainua binokula… fungu lote limeingia ndani ya duara na nafasi imebaki pembeni, jambo ambalo darubini nyingi haziwezi. Subirini nihesabu. Kumi na nne… ishirini na mbili… mkono unatetemeka… thelathini na moja. Selotepu imeshika, pete haijahama. Nashusha mkono nipumzike, halafu naanza upya kutoka juu.