Chati ya chaguzi za Mwai Kibaki: rangi mbili hazitoshi

Chati ya ukutani niliyoinunua kwa ajili ya darasa langu la Historia na Serikali iliuzwa shilingi 650 pamoja na kijitabu cha kurasa 16, na kwa maneno yaliyochapishwa juu yake inaonyesha safari yote ya uchaguzi ya Mwai Kibaki, rais wa tatu wa Kenya. Mchapishaji na duka sitawataja, kwa kuwa bidhaa za namna hii hutoka kwa wachapishaji kadhaa na kasoro nitakazozieleza hazimhusu mmoja wao pekee. Karatasi ni nzito, imepakwa plastiki, hivyo chaki na vidole vya wanafunzi havijaiharibu, na picha ya marehemu imechapwa vizuri. Ningependa kusema kwamba sifa za kazi hii zinaendelea hivyo hadi mwisho.

Sehemu kubwa ya chati imetawaliwa na nguzo nne, moja kwa kila mwaka ambao Kibaki aligombea urais. Nguzo za 1992 na 1997 ni nyekundu, za 2002 na 2007 ni kijani, na chini yake kuna sentensi moja inayosema alishindwa mara mbili akashinda mara mbili. Kila nguzo ni ndefu kuliko iliyoitangulia, kwa sababu mchoraji amepima idadi ya kura: zaidi ya milioni moja, kisha takriban milioni 1.9, kisha milioni 3.6, na hatimaye 4,584,721. Mwanafunzi anayeitazama akiwa nyuma ya darasa huona ngazi inayopanda bila kuteleza, ilhali ukipima kwa asilimia ngazi hiyo inavunjika juu kabisa: mwaka 2002 Kibaki alipata takriban asilimia 62 ya kura, na mwaka 2007 alitangazwa kuwa na asilimia 46. Kura karibu milioni moja zaidi, na bado chini ya nusu ya wapigakura. Hilo ndilo jambo ambalo chati ya uchaguzi inapaswa kulionyesha kwanza, na hii imelificha kwa kuchagua kipimo kibaya.

Kasoro ya pili ni kwamba kila nguzo ya Kibaki imewekewa mpinzani mmoja tu kando yake. Kwa mwaka 2002 hilo halina madhara makubwa, maana Uhuru Kenyatta wa KANU, chama tawala cha wakati huo, ndiye aliyemfuata akiwa na takriban asilimia 31, na Simeon Nyachae alikuwa mbali nyuma yao. Kwa mwaka 1992, hata hivyo, ni upotoshaji. Mchoro unamweka Kibaki dhidi ya Daniel arap Moi, rais wa wakati huo, kana kwamba hao wawili ndio waliomenyana, wakati Kibaki na chama chake cha Democratic Party alikuwa wa tatu. Moi alishinda kwa takriban asilimia 36, Kenneth Matiba wa Ford-Asili akafuata na 26, Kibaki akapata kama 19, na Jaramogi Oginga Odinga wa Ford-Kenya akawa wa nne akiwa na zaidi ya 17. Ukimwondoa Matiba na Jaramogi ukutani, unaondoa pia sababu ya Moi kubaki Ikulu, kwa kuwa karibu theluthi mbili ya wapigakura waliwapa kura watu wengine.

Matiba akishafutwa, nguzo ya 1997 nayo inakosa maana. Wanafunzi wangu waliuliza imekuwaje mtu aliyekuwa wa tatu akakaribia kuongeza kura zake maradufu ndani ya miaka mitano, na chati haikuwa na jibu. Sehemu kubwa ya jibu ni kwamba Matiba hakugombea mwaka huo, na kura nyingi za eneo la Mlima Kenya ambazo hapo awali ziligawanyika baina ya wawili hao zilimwendea Kibaki, akamaliza wa pili kwa asilimia 31 dhidi ya 40 za Moi. Raila Odinga, Michael Wamalwa na Charity Ngilu waligawana sehemu kubwa ya zilizobaki. Kibaki alikwenda mahakamani kupinga matokeo, na kesi yake ikatupwa, si kwa sababu ushahidi ulipimwa ukaonekana mwepesi, bali kwa sababu hati za kesi hazikukabidhiwa Moi mkononi. Mahakama ya Rufaa ilithibitisha uamuzi huo mwaka 1999. Kijitabu kinalieleza jambo hili kwa ukurasa mzima, na kwa lugha iliyo wazi.

Nikiri hapa kwamba kijitabu ni kazi ya mtu mwingine kabisa, au angalau mtu yuleyule akiwa na muda zaidi. Kinaanza mwaka 1963, Kibaki alipoingia bungeni kwa tiketi ya eneo bunge la Doonholm, Nairobi, baada ya kuacha ualimu wa Chuo Kikuu cha Makerere na kufanya kazi ya KANU. Kinatoa nafasi ya kutosha kwa uchaguzi wa 1969, ambapo Jael Mbogo alimbana katika eneo bunge hilo, ambalo wakati huo liliitwa Bahati, mpaka Kibaki akapita kwa tofauti ndogo na matokeo yenyewe yakazua ubishi. Mwaka 1974 alihamia Othaya, nyumbani kwao Nyeri, na kiti hicho hakukiachia hadi alipostaafu mwaka 2013. Ukihesabu chaguzi kuu zote kuanzia 1963 hadi 2007, aliingia bungeni mara kumi mfululizo bila kushindwa hata mara moja, zikiwemo zile ambazo aligombea ubunge na urais siku moja kama katiba ya wakati ule ilivyotaka. Rekodi hiyo ya nusu karne haimo kabisa kwenye chati. Mtu aliyetumia pesa zake kununua karatasi yenye maneno “safari yote” ana haki ya kulalamika.

Kijitabu pia hakikusahau yale maneno ya 1991, Kibaki akiwa bado waziri wa Moi, kwamba kujaribu kuing'oa KANU ni sawa na kuukata mti wa mugumo kwa wembe. Kabla mwaka haujaisha alijiuzulu akaunda chama chake, na miaka kumi na moja baadaye ndiye aliyekuwa mbele mti ulipoanguka. Wanafunzi walicheka sana hapo. Mwandishi anaonyesha vizuri kwamba wembe wenyewe ulikuwa muungano wa NARC: Wamalwa na Ngilu, waliokuwa wapinzani wa Kibaki mwaka 1997, pamoja na kundi la Raila lililotoka KANU baada ya Moi kumteua Uhuru, na tamko la Raila la “Kibaki Tosha”, yaani Kibaki anatosha, katika bustani ya Uhuru Park mwezi Oktoba 2002. Mgombea mwenyewe aliumia katika ajali ya gari wiki chache kabla ya kura na akaapishwa tarehe 30 Desemba akiwa kwenye kiti cha magurudumu.

Sasa nirudi kwenye nguzo ya nne, ambayo ndiyo iliyonifanya niandike tathmini hii. Chati imeipaka 2007 kijani kilekile cha 2002, bila alama yoyote, bila hata nyota ndogo inayompeleka msomaji chini ya ukurasa. Tume ya Uchaguzi ilimtangaza Kibaki mshindi kwa kura 4,584,721 dhidi ya 4,352,993 za Raila Odinga, yaani tofauti ya kura 231,728, na akaapishwa Ikulu jioni ileile. Siku chache baadaye mwenyekiti wa tume hiyo, Samuel Kivuitu, alisema hajui kama Kibaki ndiye aliyeshinda. Upinzani ulikataa kwenda mahakamani, watu zaidi ya elfu moja wakauawa, mamia ya maelfu wakayakimbia makwao, na mwafaka uliosimamiwa na Kofi Annan ukatiwa saini tarehe 28 Februari 2008. Tume ya Jaji Johann Kriegler ilipochunguza, ilieleza kwamba upigaji, ukusanyaji na ujumlishaji wa kura ulivurugika kiasi kwamba haikuwezekana kujua nani hasa alishinda urais. Sidai kwamba mchapishaji alipaswa kuipaka nguzo hiyo nyekundu, kwa kuwa hilo nalo lingekuwa kudai kujua kisichojulikana. Lakini kuipaka rangi ya ushindi wa 2002, ambao KANU yenyewe iliukubali, ni kumfundisha mtoto jambo lisilo kweli kwa kutumia rangi badala ya maneno.

Kura mbili za maoni hazimo kwenye chati wala kwenye kijitabu, na sioni sababu, kwa maana Kibaki aliongoza upande mmoja katika zote mbili. Mwaka 2005 upande wake wa ndizi, alama ya waliounga mkono rasimu ya katiba, ulishindwa na chungwa, alama ya walioipinga, kwa takriban asilimia 58 dhidi ya 42, naye akalivunja baraza lote la mawaziri siku mbili baadaye. Mwaka 2010 upande wa Ndiyo alioupigia debe ulipata takriban theluthi mbili ya kura, na katiba mpya ikapita. Kwa bahati rangi za mwaka huo zilikuwa kijani kwa Ndiyo na nyekundu kwa La, kwa hiyo mchapishaji asingehitaji hata kununua wino mwingine.

Kwa upande wa matumizi, maandishi ya jedwali la chini hayasomeki ukiwa umbali wa zaidi ya mita mbili, na plastiki inarudisha mwanga wa dirisha hadi nguzo ya 1992 haionekani asubuhi. Mwenye duka alikubali kuniuzia kijitabu pekee kwa shilingi 200 niliporudi kuuliza, na nakala tano nilizochukua zinatosha wanafunzi arobaini wakisoma kwa makundi. Kwa bei hiyo nakipendekeza kwa mwalimu yeyote wa kidato cha tatu na cha nne. Chati bado iko ukutani, ila nguzo ya 2007 nimeibandikia kipande cha manila ya kijivu, na kando ya 1992 wanafunzi wamechora kwa kalamu nguzo za Matiba na Jaramogi kwa urefu wake halisi.