CMA Mbeya kwa mtumishi wa SACCOS aliyeachishwa kazi

Huduma ya CMA, yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi, ni bure, na hiyo ndiyo sifa yake kubwa. Meneja au karani wa mikopo wa SACCOS ya Rungwe au Mbozi hahitaji wakili kufungua mgogoro. Anajaza fomu CMA F1, anaisaini, anampelekea mwajiri nakala kwanza, kisha anaisajili pamoja na uthibitisho kwamba imepokelewa: muhuri wa masijala au saini yenye tarehe.

Kinachoangusha wengi ni siku. Ukiachishwa kazi una siku 30 tu. Usikae tu ukisubiri "bodi ikae". Ukichelewa, ongeza fomu CMA F2, ya kuomba kusikilizwa nje ya muda, na sababu nzito.

Pili, jina la mlalamikiwa. Andika jina la chama kama lilivyo kwenye cheti cha usajili, si "Bodi" wala mwenyekiti, hata kama ndiye aliyesaini barua ya kukuajiri. Tuzo (uamuzi wa mwisho wa CMA) yenye jina bovu ni shida kuikazia, yaani kuilazimisha itekelezwe.

Wenye mkataba wa muda maalumu wasijaze kama wenye ajira ya kudumu. Dai lao kwa kawaida ni kuvunjwa mkataba. Chini ya miezi sita kazini, dai la kuachishwa isivyo halali halisimami.

Usuluhishi hupewa siku 30. Ukikwama, mgogoro unaenda hatua ya uamuzi. Asiyeridhika na tuzo ana wiki sita kwenda Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi.