Wamemnyamazisha Françoise Blanchard mahali asipopaswa kunyamaza

Nimejiunga na huduma hii ya filamu za zamani kwa sababu ya filamu moja, na hiyo hiyo ndiyo waliyoiharibu.

Ni La Morte vivante ya mwongozaji Jean Rollin, ya mwaka 1982. Wapenzi wa filamu za kutisha za Kifaransa wakianza kuhesabu waigizaji wa kike wa Rollin, utasikia Brigitte Lahaie na mundu wake katika Fascination, basi. Blanchard hasemwi. Mimi namweka mbele ya wote, na sioni haya. Humu yeye ni Catherine Valmont, binti aliyekufa na kulazwa chini ya kasri la kwao. Watu wanaingia kuficha mapipa ya taka zenye sumu, ardhi inatetemeka, sumu inamwagika, maiti inaamka. Mtazame vidole. Anatoboa koo la mtu kwa kucha, na usoni hamna chuki wala raha, kiu tu.

Mwanzoni haongei kabisa. Rafiki yake wa utotoni, Hélène, anapiga simu pale kasri, na Catherine, kwa kuwa hana neno la kumjibu, anafungulia kisanduku cha muziki walichokuwa wakikisikiliza walipokuwa wadogo. Hélène anamtambua kwa sauti ile. Nywele zilinisimama! Baadaye akili inamrudia polepole, na kila anachokumbuka kinamfanya atamani kufa tena, lakini Hélène hataki kumwachilia. Anamletea watu awanywe damu. Mwishowe Catherine anamla Hélène mwenyewe, rafiki pekee aliyebaki naye, na anapiga ukelele. Filamu nzima imejengwa kwa ajili ya ukelele huo.

Kwenye huduma hii ukelele huo haupo. Picha inakwenda, mdomo uko wazi, mishipa ya shingo imetuna, na spika ziko kimya. Nikarudisha nyuma, nikahamia kwenye simu, nikaazima hata spika ya jirani. Sauti inakatika pale pale.

Nikawaandikia huduma kwa wateja. Kijana akanijibu kwamba filamu za zamani ndivyo zilivyo. Nikamwambia nimeisikia kwingine, ukelele upo. Akaandika: "Lakini dada, pale hasemi kitu, ni kelele tu. Hujakosa chochote." Halafu akafunga mazungumzo, nami bado naandika.

Kelele tu! Blanchard baada ya hapo alifanya kazi ya kuingiza sauti kwenye filamu, yaani sauti yake ilikuwa riziki yake. Amefariki mwaka 2013, Rollin mwenyewe alishatangulia 2010. Hawezi kurudi studio kurekodi upya. Kilichobaki cha kazi yake ni hizo kanda, na aliyekabidhiwa kanda anasema sijakosa chochote.

Nilipoanza kuandika nilikusudia kuwapa nyota tatu. Haki yao wapewe: picha ni safi mno, maandishi ya chini yamekwenda sawa na mdomo, na kile kisanduku cha muziki kinasikika kama kiko chumbani kwako. Kwa filamu nyingine huenda nisingelalamika. Ila kadiri ninavyolikumbuka lile jibu, nyota zinanitoka mkononi. Nawapa mbili. Hapana, moja, na hiyo moja ni ya Blanchard, wasije wakadhani ni yao.

Wamenirudishia ada ya mwezi bila hata salamu. Sikuomba pesa. Niliomba waweke nakala nzima, na kama hawana, waandike wazi pale pale kwenye ukurasa wa filamu kwamba mwisho wake hauna sauti, ili mtu anayekutana na Blanchard kwa mara ya kwanza asije akaondoka akidhani alikuwa anafungua mdomo tu.